Mtayarishaji asiyetoa fedha zake: Günter Rohrbach, kutoka dawati la runinga hadi Das Boot

*Swali: Nina umri wa miaka 34 na ni mhariri wa tamthilia katika kituo cha runinga hapa Dar es Salaam. Kazi yangu ni kusoma miswada, kukaa na waandishi, kupendekeza waongozaji na kutetea bajeti mbele ya wakubwa. Nimesoma kwamba Günter Rohrbach, mtayarishaji wa Das Boot, ile filamu ya Kijerumani ya nyambizi, alikuwa mwajiriwa wa runinga kwa miaka mingi, na hapo ndipo ninapochanganyikiwa. Anaitwaje mtayarishaji ilhali hakutoa fedha zake? Rafiki zangu walio kwenye filamu wanasema runinga humharibia mtu jina katika sinema, na kwamba nikitaka kuwa mtayarishaji wa kweli niache kazi sasa hivi, nichukue akiba yangu yote nitengeneze filamu ya kwanza. Je, njia aliyopita Rohrbach inawezekana kwa mtu kama mimi?*

Hofu yako, kama nimeisoma vyema, ni kwamba miaka uliyokaa kwenye dawati la uhariri imepita bure, na kwamba utayarishaji utaanza siku utakapoweka akiba yako mezani. Nitakujibu kwa kirefu, kwa sababu historia ya kazi ya Rohrbach inaijibu hofu hiyo vizuri kuliko nasaha za jumla, mradi tuisome jinsi ilivyokuwa, pamoja na mambo yaliyomsaidia yeye ambayo wewe huna.

Tuanze na fedha, maana hapo ndipo rafiki zako wanapokosea zaidi. Katika soko letu la filamu, ambalo lilikua kwa kuuza kanda na baadaye diski, aliyetoa mtaji ndiye aliyezoeleka kuitwa prodyuza, hata kama hakusoma mswada wala hakufika siku moja mahali pa kurekodi. Mazoea hayo yana sababu zake, lakini hayaelezi kazi yenyewe. Mtayarishaji ni mtu anayeamua kwamba hadithi fulani itengenezwe, anayehakikisha haki za hadithi hiyo zimepatikana kwa maandishi, anayemtafutia mwandishi na mwongozaji wanaoiweza, anayewashawishi wenye fedha waingie kwa masharti yasiyoiua kazi, kisha anabaki pale hadi mwisho akijibu lawama za kila upande. Ni kama mshenga: mahari hatoi yeye, lakini ndoa ikivunjika kabla ya siku yake, wazee wa pande zote mbili wanamwita yeye kwanza. Filamu kubwa za Ujerumani tangu miaka ya 1970 zimetengenezwa zaidi kwa fedha za vituo vya runinga, mifuko ya umma ya filamu, wasambazaji na mikopo ya benki, na mtayarishaji aliyeweka nyumba yake rehani ni wa kuhurumiwa kuliko kuigwa.

Rohrbach alizaliwa mwaka 1928 huko Neunkirchen, mji wa makaa ya mawe na chuma katika jimbo la Saarland, mpakani mwa Ufaransa. Hakusoma chuo cha filamu. Alisoma fasihi ya Kijerumani, falsafa, saikolojia na taaluma ya tamthilia, akapata udaktari katika fasihi mwaka 1957, na akaandika uhakiki wa filamu. Mwaka 1961 aliingia WDR, kituo cha utangazaji cha umma chenye makao yake Köln, na kuanzia mwaka 1965 akaongoza idara ya tamthilia za runinga, ambayo baadaye iliunganishwa na burudani chini yake. Alikaa hapo hadi mwaka 1979. Kwa hiyo alipoanza kuitwa mtayarishaji wa sinema mbele ya dunia nzima, alikuwa na zaidi ya miaka 50, na zaidi ya miaka kumi na minne kati ya hiyo aliitumia kufanya kazi inayofanana sana na hii unayoieleza wewe: kusoma, kuchagua, kubishana, kutetea.

Ili uelewe uzito wa dawati lile, lazima ujue jinsi runinga ya Ujerumani Magharibi ilivyokuwa ikiendeshwa. ARD, iliyoanzishwa mwaka 1950, ni muungano wa vituo vya umma vya majimbo, na WDR ndicho kikubwa kuliko vyote. Mwaka 1963 ilianza kurusha matangazo ZDF, kituo cha pili cha kitaifa. Vituo hivi viliendeshwa hasa kwa ada iliyolipwa na kila mwenye redio au runinga. Siku hizi kila kaya hulipa euro 18.36 kwa mwezi, iwe ina runinga au haina. Mkuu wa idara ya tamthilia katika kituo kama hicho alikuwa na bajeti ya mwaka inayojulikana, saa za kurusha zinazojulikana, na wajibu wa kuzijaza kwa kazi mpya. Hakuhitaji kutafuta fedha za kila kazi upya. Alihitaji kuamua nani apewe, na kuamua vibaya kulionekana na taifa zima usiku huohuo.

Tazama alivyoutumia uwezo huo. ZDF ilipokuwa ikivuta watazamaji wengi kwa mfululizo wa kipolisi, Rohrbach alimwagiza mhariri wake, Gunther Witte, abuni kitu cha kushindana nao. Witte akaja na wazo lililotokana na muundo wenyewe wa ARD: kila kituo cha jimbo kitengeneze hadithi zake, na mpelelezi wake, katika mji wake, lakini zote zirushwe chini ya jina moja. Mfululizo huo ni Tatort, ulioanza tarehe 29 Novemba 1970 na bado unarushwa Jumapili usiku. Wazo lilikuwa la Witte. Agizo, ulinzi na uvumilivu vilitoka kwa mkuu wake, na hiyo pia ni kazi ya utayarishaji.

Mwaka huohuo wa 1970 idara yake ilirusha Das Millionenspiel, tamthilia iliyoandikwa na Wolfgang Menge kuhusu kipindi cha kubuni ambamo mtu anawindwa na wauaji mbele ya kamera, na akinusurika anapata mark milioni moja (mark ilikuwa sarafu ya Ujerumani wakati huo). Ilifanana na kipindi halisi kiasi kwamba baadhi ya watazamaji walikiomba kituo nafasi ya kushiriki. Naitaja kwa sababu nyingine pia, ambayo inakuhusu moja kwa moja: kazi hiyo ilitokana na hadithi fupi ya mwandishi wa Marekani, Robert Sheckley, na mgogoro wa haki za hadithi hiyo ukaifungia kabatini kwa takriban miaka 30, hadi mwaka 2002. Kituo kikubwa, chenye wanasheria wake, kilishindwa kuonyesha moja ya kazi zake bora kwa sababu ya karatasi. Utakapofika sehemu ya mwisho ya jibu hili, ikumbuke tamthilia hiyo.

Jambo la tatu kutoka miaka ya Köln ni watu. Rainer Werner Fassbinder, ambaye wengi wanamjua kama mwongozaji wa sinema, alitengenezea WDR mfululizo wa familia ya wafanyakazi, Acht Stunden sind kein Tag, kuanzia mwaka 1972, na kazi ya sehemu mbili ya kubuni kisayansi, Welt am Draht, mwaka 1973. Wolfgang Petersen, aliyekuwa bado kijana, alitengenezea kituo hichohicho Smog mwaka 1973, kuhusu hewa chafu inayolizingira eneo la viwanda la Ruhr. Katika idara hiyo pia alikuwapo mhariri Peter Märthesheimer, aliyefanya kazi kwa karibu na Fassbinder na baadaye akaandika naye miswada ya filamu. Sasa angalia: Fassbinder ndiye aliyetengeneza Berlin Alexanderplatz mwaka 1980, sehemu 13 na hitimisho, kwa ushirikiano wa WDR na studio za filamu za Bavaria, na Petersen ndiye aliyeongoza Das Boot mwaka 1981. Rohrbach hakuwakodi watu hawa kwa sababu walikuwa maarufu. Alikuwa amewaona wakifanya kazi kwa bajeti ndogo, amesoma rasimu zao mbovu na nzuri, na alijua kila mmoja hukasirika akikataliwa nini. Elimu hiyo huwezi kuinunua kwa akiba yako ya benki, na wewe unaikusanya kila wiki ukiwa ofisini.

Tena mhariri hufundishwa kutetea. Mwishoni mwa miaka ya 1970 WDR ilinunua mfululizo wa Marekani uitwao Holocaust, uliosimulia mauaji ya Wayahudi kupitia familia moja. Ndani ya ARD kulikuwa na upinzani mkali. Wengine waliuona kuwa ni burudani ya kibiashara isiyostahili jambo zito kama lile, na vituo havikukubaliana kuurusha katika chaneli ya kwanza. Mwafaka ukawa kuurusha Januari 1979 katika chaneli za tatu za majimbo, zilizounganishwa kwa ajili hiyo. Mamilioni ya Wajerumani waliutazama, na simu zikamiminika vituoni kutoka kwa watu waliokuwa wakizungumza habari hiyo kwa mara ya kwanza. Kwa maoni yangu, mtu aliyepita katika mabishano ya namna hiyo ameiva kwa utayarishaji kuliko aliyekodi kamera kwa mkopo.

Hata hivyo nisikudanganye: rafiki zako wameshika nusu ya ukweli. Mhariri wa kituo na mtayarishaji huru hawabebi hatari ileile. Kazi ya mhariri ikianguka, kituo kinameza hasara na yeye anapokea mshahara mwisho wa mwezi. Mtayarishaji huru kazi yake ikianguka, kampuni inaweza kufungwa. Vilevile haki za kazi iliyotengenezwa kwa fedha zote za kituo kwa kawaida hubaki kituoni, na mhariri huondoka mikono mitupu hata kama kazi itauzwa upya kwa miaka thelathini. Katika miaka ya Köln, Rohrbach alikuwa na madaraka ya mtayarishaji bila mali ya mtayarishaji. Mpito wake wa kweli ulikuja mwaka 1979, na inafaa tuuangalie polepole.

Mwaka huo alihamia Geiselgasteig, nje kidogo ya München, kuwa mkurugenzi mtendaji wa Bavaria. Studio hizo zilianzishwa mwaka 1919, na tangu mwaka 1959 WDR na kituo cha kusini, SDR, vilikuwa na hisa kubwa humo kupitia kampuni tanzu. Kwa maneno mengine, hakuruka kutoka ajira kwenda hewani. Alihama kutoka kwa mnunuzi wa tamthilia kwenda kwa mtengenezaji ambaye mnunuzi yuleyule alikuwa miongoni mwa wamiliki wake. Alikwenda na majina, imani na nambari za simu zake zote, na akaongoza studio hizo hadi mwaka 1994.

Mezani Geiselgasteig alikuta mradi uliokuwa umekwama. Riwaya ya Lothar-Günther Buchheim kuhusu mabaharia wa nyambizi ya Kijerumani katika Vita Kuu ya Pili ilichapishwa mwaka 1973 na kuuzwa sana, na kulikuwa na majaribio ya kuitengeneza kwa nguvu ya Hollywood, na waongozaji wa Marekani na nyota wao. Majaribio hayo yalivunjika. Rohrbach aliuchukua mradi akaugeuza kuwa kazi ya Kijerumani, kwa lugha ya Kijerumani, chini ya Petersen, na waigizaji ambao wengi wao dunia haikuwajua. Bajeti ilikuwa takriban mark milioni 32, miongoni mwa kubwa kuliko zote zilizowahi kutumika Ujerumani Magharibi hadi wakati huo. Ndani ya nyambizi palijengwa kwa vipimo halisi na kuwekwa juu ya mtambo wa kuyumbisha. Nje ilijengwa nyambizi ya kuelea, ambayo Steven Spielberg aliikodi kwa filamu yake ya kwanza ya Indiana Jones. Buchheim mwenyewe hakuridhika na akasema hivyo hadharani, jambo ambalo mtayarishaji wa riwaya maarufu hana budi kulitarajia.

Fedha zile zilitoka wapi? Hapa ndipo lilipo jibu la swali lako la msingi. Miaka michache kabla, Rohrbach alikuwa ametetea kwa maandishi kile alichokiita filamu amfibia, yaani kazi inayoweza kuishi katika sinema na katika runinga. Mwaka 1974 vituo vya umma na taasisi ya kusaidia filamu vilikuwa vimetia saini makubaliano ambayo kwayo runinga ingechangia fedha za filamu za sinema, zikaonyeshwa kwanza katika kumbi kisha baadaye runingani. Das Boot ilipangwa tangu mwanzo kuwa kazi mbili: filamu ya dakika 149 iliyoingia kwenye kumbi Septemba 1981, na mfululizo wa takriban saa tano uliorushwa Ujerumani katika sehemu tatu mwaka 1985. WDR na SDR zililipia saa tano za tamthilia, ambazo zingezihitaji hata hivyo. Sinema ikafaidika na seti, nyambizi na miezi ya kazi ambayo filamu ya dakika 149 peke yake isingeweza kuilipia. Filamu ikateuliwa kuwania tuzo sita za Oscar, zikiwemo za uongozaji na mswada.

Ubia wa namna hii haufanyiki kwenye chumba cha uhariri baada ya kurekodi, na nimewaona wengi wakijaribu. Mswada lazima uandikwe ukiwa na maeneo ya kukatia sehemu za mfululizo na, sambamba na hayo, njia fupi ya hadithi itakayosimama yenyewe katika saa mbili. Mikataba ya waigizaji na muziki lazima itaje sinema na runinga tangu siku ya kwanza, maana mwenye wimbo aliyelipwa kwa runinga tu ana haki ya kuja mlangoni filamu itakapofika ukumbini. Muda ambao runinga itasubiri kabla ya kurusha lazima uandikwe kwa tarehe. Hata mwanga una usemi wake: Berlin Alexanderplatz iliporushwa mwaka 1980, watazamaji wengi walilalamika kwamba picha ni giza mno katika runinga za nyumbani, kwa sababu kilichoonekana vizuri kwenye skrini kubwa kilimezwa na kioo kidogo cha sebuleni.

Filamu amfibia ilipata maadui, na baadhi ya hoja zao nazikubali. Waongozaji walilalamika kwamba tangu runinga ishike mfuko, wahariri wa vituo walipata kura ya turufu juu ya sinema, na kwamba filamu zilianza kuandikwa kwa ajili ya saa mbili na robo usiku, wakati familia imekaa sebuleni, badala ya kuandikwa kwa ukumbi wenye giza. Malalamiko hayo yapo Ujerumani hadi leo. Kwa hiyo rafiki zako wanaposema runinga inaharibu jina, wanarudia kwa ufupi mjadala wa zaidi ya miaka arobaini. Nionavyo mimi, runinga humharibu yule anayeleta mazoea ya runinga kwenye sinema bila kujua anayaleta. Anayezijua tofauti zake haharibiki, na Das Boot inatosha kuwa ushahidi.

Katika miaka iliyofuata Bavaria, Rohrbach alishiriki kutayarisha Schtonk! ya Helmut Dietl mwaka 1992, kichekesho kuhusu shajara bandia za Hitler, iliyoteuliwa kuwania Oscar ya filamu ya kigeni, na Stalingrad ya mwaka 1993. Alipoondoka mwaka 1994, umri wa wengine kustaafu, akawa mtayarishaji huru. Aimée & Jaguar ilifungua tamasha la filamu la Berlin mwaka 1999 na waigizaji wake wawili wakuu wakashinda tuzo ya tamasha hilo, Dubu wa Fedha. Mwaka 2008 ikafuata Anonyma, na mwaka 2011 Hotel Lux, ambayo haikuvuta watazamaji wengi. Hesabu miaka iliyo kati ya filamu hizo, uone mwendo wa mtu huru: hata mwenye jina kubwa kuliko karibu wote nchini mwake alihitaji miaka kadhaa kuikamilisha kila moja. Pamoja na Senta Berger aliongoza Akademia ya Filamu ya Ujerumani tangu ilipoanzishwa mwaka 2003 hadi 2010, na tangu mwaka 2011 mji wake wa Neunkirchen hutoa tuzo ya filamu yenye jina lake.

Moja ya kazi za kipindi hicho ilitengenezwa jirani na kwetu. Die weiße Massai ya mwaka 2005, iliyoongozwa na Hermine Huntgeburth, ilirekodiwa Kenya kutokana na kitabu cha kumbukumbu cha Corinne Hofmann wa Uswisi, na ilitazamwa na zaidi ya watu milioni mbili katika kumbi za Ujerumani. Jina linasema Wamasai, lakini hadithi inatokea kwa Wasamburu, na nafasi ya mhusika mkuu wa kiume alipewa Jacky Ido, mzaliwa wa Burkina Faso. Kibiashara ulikuwa uamuzi sahihi. Kwa mtazamaji wa Maralal, mji wa Wasamburu, ni jambo jingine, na wewe, utakapokuwa upande wa pili wa meza ya ubia wa namna hiyo, unayo haki na wajibu wa kulisema mapema, wakati mswada bado unaweza kubadilishwa.

Sasa turudi Dar es Salaam. Usichoweza kukihamisha kutoka maisha ya Rohrbach ni mfumo: ada ya lazima iliyokuwa ikijaza bajeti za tamthilia, studio yenye karakana zake ambayo wanahisa wake ni wateja wake, na makubaliano ya kitaifa kati ya runinga na filamu. Vituo vyetu vingi vinategemea matangazo, wadhamini na malipo ya visimbuzi, na fedha hizo hufuata idadi ya watazamaji wa leo, hazisubiri kazi ya miaka mitatu. Unachoweza kukihamisha ni utaratibu wake wa hatua: kwanza uamuzi na watu, kisha haki, kisha ubia, na uhuru mwishoni.

Kuacha kazi sasa na kuchoma akiba yako katika filamu moja ndiyo njia ninayoiogopa zaidi. Filamu ya kwanza ya mtu yeyote huwa na makosa. Tofauti ni nani anayeyalipia. Ukiyalipia mwenyewe, huenda usipate filamu ya pili, na watayarishaji hujulikana kwa filamu ya pili na ya tatu. Kubaki kama ulivyo kuna hatari yake pia, ya kimyakimya: unaweza kufika miaka 50 ukiwa umeokoa miswada ya watu wengine mia moja bila jina lako kuonekana popote. Ndiyo maana nakushauri njia ya katikati. Omba kituo kikuandike kwa jina na cheo katika kila kazi unayoisimamia. Pendekeza tamthilia fupi, ya sehemu nne hadi sita, iliyoandikwa tangu mwanzo iweze pia kuwa filamu, ambamo kituo kinachukua haki za runinga nchini kwa muda maalumu na kampuni ya nje inabaki na haki za sinema na mauzo ya nje. Kazi hiyo isimamie wewe ukiwa bado mwajiriwa, ujifunze mikataba kwa gharama ya mshahara. Ikikubalika katika tamasha, kwa mfano ZIFF kule Zanzibar, utakuwa na kitu cha kuonyesha ambacho barua ya maombi haiwezi kukieleza.

Huenda ukavutiwa na ubia na Wajerumani wenyewe, na njia ipo. Kampuni ya One Fine Day Films, iliyoanzishwa na Marie Steinmann na Tom Tykwer, imefanya kazi Nairobi na Ginger Ink na kutoa filamu kama Nairobi Half Life ya mwaka 2012 na Supa Modo ya mwaka 2018. Tamasha la Berlin nalo lina mfuko wa World Cinema Fund, ulioanza mwaka 2004, unaosaidia filamu za maeneo yenye miundombinu dhaifu ya filamu, Afrika ikiwemo. Fedha za namna hii hazitafutwi na mtu mmoja mwenye wazo. Zinatafutwa na mradi wenye mswada uliokamilika, mwongozaji anayejulikana kwa kazi fulani, haki zilizonyooka na mshirika wa uzalishaji. Yaani zinatafuta mambo yaleyale unayoyafanya kila siku, yakiwa yamekusanywa katika faili moja.

Kuna mambo ambayo ushauri wa maandishi hauyatoshi, na hapo nakuomba umwone mtu ana kwa ana kabla ya kuchukua hatua yoyote. Chukua mkataba wako wa ajira umpelekee mwanasheria anayefahamu hakimiliki, umwonyeshe kifungu kinachohusu kazi na mawazo unayoyabuni ukiwa mwajiriwa; katika mikataba mingi ni mali ya mwajiri, na hadithi uliyoiandika usiku nyumbani inaweza kudaiwa ikiwa ulitumia kompyuta ya ofisi au uliitaja katika kikao. Mwanasheria huyohuyo akusaidie kuandaa barua ya kuomba ridhaa ya kituo kama unataka kushiriki katika kampuni ya nje, kwa sababu mgongano wa maslahi usiotangazwa humfukuzisha mtu hata akiwa na nia njema. Kama hadithi unayoitaka inatokana na kitabu, simulizi la redio au maisha ya mtu aliye hai, usiandike ukurasa wa kwanza wa mswada kabla ya kushika mkataba wa haki uliosainiwa na yule mwenye haki hasa, na ukiwa na shaka nenda ofisi ya hakimiliki, COSOTA, ukaulize kazi hiyo imesajiliwa kwa jina la nani. Suala la kodi na usajili wa kampuni lipeleke kwa mhasibu. Na kabla ya kugusa akiba, kaa na mwenzi wako au wale wanaokutegemea, uwaonyeshe hesabu ya miezi 18 bila mshahara, kodi ya nyumba na ada za shule zikiwemo, kisha usikilize wanasema nini.